Alama ya X ukutani: nani alijua, nani aliarifiwa?

Soma ripoti za majumba yanayoporomoka jijini Nairobi. Aghalabu, katika aya ya pili mwandishi hukwambia kuwa wapangaji "walikuwa na habari" kwamba jengo lilikuwa bovu. Kufikia aya ya tano habari hiyo imepandishwa cheo: sasa wapangaji "walijua". Hakuna ushahidi mpya uliotolewa baina ya aya hizo mbili. Kilichobadilika ni kitenzi, na kitenzi hicho kimehamisha lawama kutoka kwa aliyejenga na aliyekagua hadi kwa aliyelala ndani.

Wapo watakaosema kuwa hili ni suala dogo la mtindo, kwamba mhariri akipata muda atalirekebisha. Mimi nasema ni suala la falsafa, na kwamba Kiswahili kina zana za kulikabili kuliko tunavyokubali. Tatizo ni kwamba zana hizo tumezitupa zote katika kapu moja. Data, habari, taarifa, maarifa: tunayachota maneno haya kama mtu anayechota maharagwe, lolote litakaloingia kijikoni ni sawa.

Tuyatenganishe kidogo. Habari ni neno la Kiarabu asilia, na kwetu limebaki na maana ya jambo linalosimuliwa. Habari yaweza kuwa njema au mbaya, ya kweli au ya uongo. Ukiniuliza "habari za asubuhi?" nami nikajibu "njema" ilhali sikulala kwa sababu ya mbu, hakuna atakayenishtaki. Taarifa na maarifa, kwa upande mwingine, ni ndugu wa tumbo moja. Yametoka katika mzizi ule ule wa Kiarabu uliotupa arifu na maarufu. Lakini ndugu hawa hawafanyi kazi moja. Taarifa ni tendo la kumfanya mtu ajue. Maarifa ni ile hali ya kujua yenyewe. Tendo laweza kufanyika na hali isipatikane, kama vile daktari anavyoweza kukuandikia dawa na usipone.

Watanzania walipotunga sheria yao mwaka wa 2016 waliiita Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa. Sisi Kenya, katika mazungumzo yetu ya kikatiba, tumezoea kusema haki ya kupata habari. Hapa nawaunga mkono jirani zetu. Habari naweza kuipata kwa mama mboga. Taarifa ina mtoaji anayewajibika: yupo aliyearifu, yupo aliyearifiwa, na ipo siku tendo hilo lilipofanyika. Hakuna upande uliothubutu kuandika haki ya kupata maarifa, na ilikuwa busara, kwani maarifa hayakabidhiwi kwa bahasha.

Sasa twende kwa wanafalsafa. Mwaka wa 1948 mhandisi Mmarekani Claude Shannon alichapisha nadharia ya hisabati ya mawasiliano ambayo simu iliyo mfukoni mwako ingali inaitegemea. Shannon aliliweka kando suala la maana, na alisema hivyo waziwazi. Shida yake ilikuwa moja: vipi ujumbe uliotumwa upande huu wa waya ufike upande wa pili bila kuharibika. Alichopima ni kiasi cha shaka kinachoondolewa. Ukirusha sarafu na kuniambia imeangukia upande gani, umeniondolea shaka ya njia mbili, nayo ni biti moja. Ukiniambia ni nyumba ipi kati ya nane, zote zikiwa na uwezekano sawa, umenipa biti tatu. Ukiniambia jambo nililokuwa na hakika nalo tayari, umenipa sufuri, hata ukilisema kwa kipaza sauti.

Nadharia hii ni nzuri mno kwa waya. Hatari huanza inapochukuliwa kuwa nadharia ya watu. Hata jina letu la TEHAMA, yaani Teknolojia ya Habari na Mawasiliano, lina udhaifu huo: kinachopita katika nyaya ni ishara, na habari huzaliwa pale tu panapokuwa na mtu wa kuzisoma. Sidai tubadilishe kifupisho hicho, kimeshazoeleka na kinatamkika. Nadai tu tusikiamini kupita kiasi.

Mwitaliano Luciano Floridi alijaribu kuliziba pengo alilolikwepa Shannon. Katika kitabu chake cha mwaka wa 2011 kuhusu falsafa ya taarifa, anatoa masharti: lazima kuwe na data, data hizo ziwe zimepangika kwa kanuni, ziwe na maana, na ziwe za kweli. Sharti la mwisho ndilo lililozua mjadala mkubwa. Kwa Floridi, taarifa ya uongo si taarifa mbovu, si taarifa kabisa, kama vile rafiki wa uongo si aina ya rafiki.

Je, Kiswahili kinakubaliana naye? Nusu nusu. Kwenye "habari" kinamkataa, maana tunasema habari za uongo bila kujikwaa. Lakini hebu jaribu vitenzi. "Aliniambia kuwa kodi imepanda, kumbe haijapanda." Sentensi hii haina shida. "Alijua kuwa kodi imepanda, kumbe haijapanda." Hapo hata mtoto wa darasa la nne atakurekebisha. Halafu: "Aliniarifu kuwa kodi imepanda, kumbe haijapanda." Sikio langu linasita. Si kosa la wazi, ila kuna kitu kinachokwaruza, kana kwamba kuarifu kumekopa kipande cha ukweli kutoka kwa ndugu yake maarifa bila kulipa deni lote. Kwa hiyo Floridi angefurahia neno letu taarifa, na angeliogopa neno letu habari.

Lakini ukimleta Mowlem, nadharia yake inaanza kutoa jasho.

Mowlem ni wadi katika eneobunge la Embakasi Magharibi, pamoja na Umoja I, Umoja II na Kariobangi Kusini. Ni mtaa wa ploti na ghorofa zilizobanana, bedsita juu ya duka, duka kando ya kinyozi, na ngazi ambazo watu wawili wakikutana mmoja lazima arudi. Kama ilivyo kwingi katika Eastlands, siku moja unaweza kuamka ukakuta herufi X nyekundu imepakwa kwenye ukuta wa jengo. Haina sentensi wala saini, na hakuna tarehe.

Niliwahi kusimama mbele ya jengo moja lenye X na kuwauliza waliokuwa hapo maana yake. Kijana wa boda alinijibu upesi, "Hiyo ni ya barabara, mzee. Wanataka kupanua." Mama aliyekuwa akikatakata sukuma wiki akamcheka: "Barabara gani na iko huko? Hiyo ni ya kanjo, landilodi hajalipa." Keateka wa ploti, aliyekuwa amenyamaza muda wote, akasema polepole kwamba ni mambo ya mto, kisha akajirudi, "ama ni ya wale wa kukagua mijengo, sijui." Majibu manne kwa watu watatu. Na hakuna aliyekuwa mjinga. Alama ile ile imetumiwa na mamlaka za barabara kuonyesha jengo lililoingia katika hifadhi ya barabara, imetumiwa kwa majengo yaliyo ukingoni mwa mito, na imetumiwa na wakaguzi wa majengo kuonyesha kuta zisizo salama. Anayesubiri tingatinga la barabara ana miezi ya kujipanga, pengine hata fidia ya kugombania. Anayelala chini ya nguzo mbovu huenda hana hata usiku mmoja.

Pima X hiyo kwa masharti ya Floridi. Data ipo: rangi nyekundu dhidi ya ukuta wa kijivu. Imepangika, kwa sababu ni herufi inayotambulika. Ina maana, kwa aliyeipaka. Na tuchukulie kuwa ni ya kweli: jengo kweli ni bovu. Masharti yote yametimia, na bado mpangaji wa orofa ya tatu hana lolote mkononi. Maana imebaki katika faili ya ofisi fulani mjini, ukutani imeachwa rangi tu.

Mtetezi wa Floridi ataniambia kuwa namwonea. Atasema X bila ufunguo wake haijawa taarifa kwa mpangaji, ni data tupu. Nakubali. Lakini ukikubali hivyo, umekubali pia kwamba haiwezekani kusema "taarifa ilitolewa" kwa kuangalia ukuta peke yake. Lazima uangalie pia macho yanayousoma. Hapo ndipo tamko la afisa kwamba "tulikuwa tumeweka alama" linapokosa miguu.

Na Shannon naye ana lake la kusema hapa, ingawa yeye hakujali maana. X kwenye jengo moja kati ya ishirini inaondoa shaka kubwa. X kwenye kila jengo la barabara nzima haikutofautishii nyumba na nyumba. Mvua ikinyesha, mwenye nyumba akapaka rangi upya, X nyingine zikafifia na nyingine zikabaki miaka na majengo yakiwa yangali yamesimama, alama inakuwa kama kelele za matatu: zipo, unazisikia, hazikuambii kitu. Mpangaji aliyeishi miaka mitano chini ya X bila lolote kutokea amefundishwa na X yenyewe kuipuuza.

Usiku wa Aprili 29, 2016, baada ya mvua kubwa, jumba la ghorofa liliporomoka mtaani Huruma, si mbali sana na Mowlem. Watu takribani 50 walifariki. Mtoto mchanga wa kike alitolewa kwenye vifusi akiwa hai baada ya zaidi ya siku tatu. Maafisa walieleza baadaye kwamba jengo hilo lilikuwa limetangazwa kuwa halifai kukaliwa na watu, na kwamba amri ya kulibomoa haikuwa imetekelezwa. Katika wiki zilizofuata majumba mengine ya Huruma yaliwekewa alama na ubomoaji ukaanza. Basi tujiulize, na swali hili ni la kisarufi kabla halijawa la kisheria: ni nani alikuwa na maarifa kabla ya usiku huo? Ofisi iliyotangaza kuwa jengo halifai ilijua. Ilikuwa na ukaguzi, ilikuwa na sababu, ilikuwa na uwezo wa kueleza. Wapangaji, kama waliwahi kusikia lolote, walikuwa na habari. Kusema kwamba pande zote mbili "zilijua" ni kuwapa marehemu digrii ambayo hawakuisomea ili tuwatoze karo yake.

Najua hoja itakayoletwa hapa, na ni nzito. Wengi wa wapangaji hao, itasemwa, wangebaki hata wangeelezwa yote, kwa sababu dipoziti ya nyumba nyingine hawana, watoto wanasoma shule ya jirani, na kazi iko umbali wa kutembea kwa miguu. Ni kweli. Lakini hoja hiyo inahusu uwezo wa kutenda, haihusu kujua. Mtu anayejua kuwa nguzo ya chini imepasuka na akabaki kwa sababu hana pa kwenda yuko katika shida moja. Mtu anayedhani X ni ya barabara na akabaki yuko katika shida nyingine. Tukizichanganya, tutampa wa pili msaada wa wa kwanza, au, kama inavyotokea mara nyingi, hatutampa yeyote chochote.

Floridi mwenyewe ana jibu la namna taarifa inavyopanda kuwa maarifa, na sehemu hii ya kazi yake naipenda kuliko ile ya ufafanuzi. Anasema taarifa huwa maarifa inapotolewa maelezo, yaani inapofungwa katika mtandao wa maswali na majibu: kwa nini ni hivi, imekuwaje, ingekuwaje kama. Taarifa iliyosimama peke yake, hata iwe ya kweli vipi, ni kama tofali ambalo halijajengewa.

Msomaji wa Nairobi hana haja ya kusafiri hadi Ulaya kulipata wazo hili. Henry Odera Oruka, aliyefundisha falsafa katika Chuo Kikuu cha Nairobi hadi kifo chake mnamo Desemba 1995, alikuwa amelifikia kwa njia yake mwenyewe, akizungumza na wazee vijijini. Katika kitabu chake kuhusu falsafa ya wenye hekima, kilichotoka mwaka wa 1990, alitenganisha aina mbili za wazee. Wapo wanaoyajua yote ambayo jamii imesema, mila, methali na nasaba, nao wanayahifadhi vizuri. Na wapo wanaoweza kuulizwa "kwa nini?" wakaipima mila hiyo na hata kuipinga. Wa kwanza ni ghala. Wa pili ndiye mwanafalsafa. Oruka hakuwadharau wa kwanza, maana bila ghala hakuna cha kupima. Ila alikataa kuliita ghala akili.

Nikimlinganisha Oruka na Floridi, namwona Oruka ametangulia hatua moja muhimu. Floridi anauweka mtandao wa maelezo kana kwamba uko ndani ya mjuzi mmoja. Oruka aliutafuta katika mazungumzo: anayeuliza hapa, anayejibu pale, na hoja ikisimama katikati yao. Hivyo ndivyo maarifa yanavyoishi Mowlem. Fundi wa mjengo anajua kwamba ufa mwembamba kwenye plasta si sawa na ufa uliokata nguzo, na kwamba ufa wa mshazari unaoanzia pembeni mwa mlango waweza kuwa dalili ya msingi unaozama. Mama wa orofa ya pili hajui lolote la msingi, lakini anajua kwamba mlango uliofungika vizuri mwezi jana sasa unakwama. Keateka anajua ni lini orofa ya mwisho iliongezwa na kama ilikuwa katika mpango wa kwanza. Kila mmoja ana kipande, na ufa wenyewe ni taarifa isiyo na lugha, unasubiri msomaji. Watatu hawa wakikaa kwenye benchi moja na kuulizana kwa nini, maarifa yatapatikana ambayo hakuna X inayoweza kuyabeba. Wasipokaa, kila mmoja atalala na kipande chake.

Kikundi cha WhatsApp cha ploti kingeweza kuwa benchi hilo. Mara nyingi hakiwi. Ujumbe wa kwamba "kuna jengo linatikisika" huja na kibandiko kinachoonyesha kuwa umesambazwa mara nyingi, na mnamo Aprili 2020 kampuni hiyo iliweka kikomo ili ujumbe wa aina hiyo upelekwe kwa kikundi au mtu mmoja kwa wakati. Kibandiko hicho ni taarifa kuhusu safari ya ujumbe. Kuhusu ukweli wake hakisemi kitu, ingawa wapo wanaokisoma kama muhuri wa uthibitisho na wapo wanaokisoma kama ithibati ya uongo.

Narudi kwenye sheria, kwa sababu huko ndiko lugha inakokuwa na meno. Ibara ya 35 ya Katiba ya 2010 haiishii kwenye haki ya mwananchi kuomba. Inailazimisha Serikali kuchapisha na kutangaza habari muhimu zinazoliathiri taifa. Vitenzi ni viwili, na havikuwekwa viwili kwa mapambo. Kuchapisha ni kuweka hadharani. Kutangaza ni kuhakikisha kwamba sauti imefika. X ukutani ni jaribio la kuchapisha lisilo na tangazo. Sheria ya mwaka wa 2016 ya upatikanaji wa habari inaongeza kwamba katika kusambaza habari kuzingatiwe lugha ya mahali na njia ya mawasiliano inayofaa zaidi katika eneo husika. Sijui ni lugha ya mahali gani ambamo herufi moja nyekundu inahesabiwa kuwa sentensi kamili.

Sheria hiyo hiyo ina vipengele ambavyo sivisikii vikizungumzwa mitaani. Ombi la habari laweza kuandikwa kwa Kiingereza au kwa Kiswahili. Asiyeweza kuandika, afisa anapaswa kumwandikia. Muda wa kawaida wa kujibu ni siku 21, lakini habari inayoombwa ikihusu uhai au uhuru wa mtu, muda ni saa 48. Sioni ni jambo gani linalohusu uhai kuliko nguzo inayobeba orofa sita juu ya kitanda cha mtoto.

Mkazi wa Mowlem akiandika ombi hilo, namshauri asiombe "habari kuhusu X". Atajibiwa kwamba X iliwekwa. Aombe ripoti ya ukaguzi: ni ofisi ipi iliyoweka alama, tarehe gani, ni nguzo, barabara au ukingo wa mto, mkaguzi alipima nini na akapata nini, na ni hatua gani iliyopangwa. Na aombe ajibiwe kwa Kiswahili. Uthabiti wa jengo, mzigo wa orofa, msingi, zege, nondo: istilahi zipo, na mafundi wanazitumia kila siku kabla ya saa mbili asubuhi.